Neno la Bi Jamna

Hansa alinipigia simu asubuhi, nimekwama kwenye foleni ya magari Qurum, hapa Maskati, akasema maneno mawili tu: "Mama katutoka." Nikaegesha pembeni, mbele ya mkahawa ambamo vijana hukaa na kompyuta zao, nikalia wakiniangalia kupitia kioo, na wala sikuona haya. Bi Jamna alikuwa ameshavuka tisini, kwa hiyo hakuna aliyeweza kusema kwamba hatukutarajia. Lakini kutarajia ni kitu kimoja na kusikia ni kingine. Alikuwa mwanamke wa Kihindi, Banyani kama watu wetu wanavyosema, mzaliwa wa Unguja aliyeolewa Maskati, na Kiswahili chake kilikuwa kizuri kuliko changu mimi Zuwena, ambaye kwetu nyumbani hakusemwi kingine. Jioni Hansa, bintiye, akapiga tena. Kutakuwa na kikao cha maombi katika ukumbi wa jumuiya yao, na watoto wa marehemu wanataka mimi niseme machache. Hatujamaliza kuagana, ukaingia ujumbe wa kijana mmoja wa kamati inayoandaa kikao, mwenye adabu nyingi. Aliniomba nizungumze Kiarabu au Kiingereza, kwa ajili ya wageni, na nisiyaguse sana mambo ya Afrika, kwani marehemu alikuwa mfano wa mwanamke wa Kihindi asiyeyumba katika mila za mababu zake. Nikausoma mara mbili, nikajikuta nacheka na machozi hayajakauka. Miaka thelathini imepita, nao bado wanamwandikia Bi Jamna la kusema.

Mwaka ninaoukumbuka nilikuwa na miaka ishirini na mitatu, nimemaliza chuo, kazi sina, kiburi ninacho. Alikuja Maskati mtaalamu mmoja, Daktari Nalini, aliyekuwa akiandika kitabu kuhusu maisha ya Wahindi wa Ghuba. Wazazi wake ni Wahindi, mwenyewe kazaliwa na kusomea Ulaya na huko ndiko alikofundisha, mwanamke mrefu wa nywele fupi, mkali wa akili na mpole wa maneno. Alikuwa amesikia habari za mjane mmoja wa mtaa wa Wattaya ambaye anakumbuka ya zamani kuliko wengi katika jumuiya yake, akaenda kumwona na Kihindi chake cha shule. Bi Jamna akamwambia kwa ishara na kwa Kiarabu cha sokoni kwamba Kihindi cha sinema anakisikia lakini hakisemi; nyumbani anasema Kikachi, lugha ya wazee wake, na akitaka kuzungumza kwa raha, anazungumza Kiswahili. Basi nikaajiriwa mimi. Mhindi akahitaji Mzinjibari, kama tunavyoitwa Waomani tuliotoka Unguja, ili aongee na Mhindi mwenzake, na hakuna hata mmoja wetu siku hizo aliyeona kichekesho chake. Mimi niliona bahati tu. Daktari Nalini alikuwa ameniahidi kwamba kazi ikienda vizuri ataniandikia barua ya kuniombea nafasi ya kusoma ng'ambo, na barua hiyo nilikuwa nikiiota macho wazi.

Fleti ya Bi Jamna ilikuwa ghorofa ya tatu, juu ya duka la magari mapya, na ukichungulia dirishani unaona mapaa ya magari yamepangwa yanang'aa mpaka macho yanauma. Sebuleni kulikuwa na bembea pana ya mbao inayoning'inia kwa minyororo ya shaba kutoka darini, na hapo ndipo alipokaa kutwa, sari nyeupe, miwani puani, akishona kofia. Namaanisha kofia za viua, hizi wanazovaa wanaume wetu, zenye vitundu vidogo vinavyozungushiwa uzi kimoja kimoja mpaka vikafanya maua. Ukutani palikuwa na picha ya marehemu mumewe imevishwa shada, rafu ya miungu yake yenye taa ndogo ya samli, saa isiyokwenda, na chini ya meza, imefunikwa kitambaa, mbuzi ya kukunia nazi. Daktari Nalini aliandika bembea, akaandika sari, akaandika taa ya samli. Ile mbuzi hakuiandika, nadhani hakujua ni nini. Siku hiyo ya kwanza tulipakuliwa mbaazi za nazi na maandazi, na achari ya embe pembeni, naye mtaalamu akauliza kama hicho ni chakula cha asili cha Kihindi. "Mwambie asili yake Malindi, Unguja," akasema Bi Jamna, "kwa Bi Kidawa jirani yetu, Mungu amrehemu, alonfundisha n'na miaka tisa." Nami nikamfasiria: anasema ni chakula cha nyumbani. Sikudanganya, nilikata tu. Siku zile kukata Unguja nilikuwa nimekuzoea, kwani mimi mwenyewe nikiwa maofisini nilikificha Kiswahili changu mfukoni, asije mtu akaniuliza Uomani wangu una umri gani.

Basi ilikuwa siku ya tatu au ya nne, kinasa sauti kinazunguka juu ya meza, alipofika kwenye kifo cha mumewe. "Bwana alipokufa nikatawa," alisema, huku anakata uzi kwa meno. "Nlitawa miaka mitatu. Mlango sikuuvuka." Neno hilo kutawa nilikuwa nalijua nusu. Nilikuwa nimewasikia bibi zetu wakilisema juu ya wanawake wa zamani waliokaa majumbani mwao kwa heshima zao, na kwa akili yangu ya chuo likaninukia gereza. Kuuliza si ujinga, watu wazima walikuwa wametwambia hivyo tangu tunajifunza kusema, lakini mfasiri anayelipwa kwa kujua Kiswahili ataulizaje maana ya neno la Kiswahili? Nikasema kwa Kiingereza kwamba alifungiwa ndani miaka mitatu. Kalamu ya Daktari Nalini ikasimama. Akasema polepole, "Muulize ni nani aliyemfungia." Nikauliza, "Bi Jamna, alokutia ndani nani?" Bi Jamna akacheka mpaka minyororo ya bembea ikalia. "Nani! Shemeji si alikuwa papo hapo mlangoni kila Ijumaa? Ungemwona alivyokuwa!" Nikafasiri kwamba shemeji yake alikuwa mlangoni kila Ijumaa. Daktari Nalini akataka kujua kwa nini bibi anacheka, nikamwambia anacheka tu, basi akaandika kwenye daftari lake, nikaona kwa macho yangu, kwamba kilikuwa kicheko cha uchungu. Tuliposhuka ngazi alikuwa analia kimya kimya. Alikuwa mtu mwema, na hilo nalisema sasa kabla sijaendelea, kwa sababu watu wakisikia kisa hiki hupenda kumfanya mbaya.

Tulikwenda nyumba ile kila wiki kwa miezi, na mimi nikaanza kwenda hata siku zisizo za kazi. Nilikuwa nikisaidiana na Hansa jikoni, na siku moja tukiwa tunakuna nazi akaingia sebuleni Bwana Pratap, mtu mkubwa katika kamati ya siku zile, suti nzuri na sauti ya kuhutubia hata akiomba maji. Walizungumza Kikachi, na Hansa akawa ananinong'oneza. Kulikuwa kunaandaliwa siku ya utamaduni wa Kihindi katika ukumbi wa hoteli moja ya Qurum. Asubuhi watasoma wataalamu, Daktari Nalini mmojawapo, na kabla ya chakula mheshimiwa mmoja, mwanasiasa anayekuja kutoka Delhi, atamvisha Bi Jamna shada kama mama wa jadi. Kuna ukurasa ameandikiwa kwa Kihindi, asome: kwamba tangu atie mguu Arabuni hajabadili chakula, wala desturi, wala lugha. "Anasema Kiswahili usikiguse mbele ya mheshimiwa," Hansa akanong'ona, "kitaharibu picha." Bi Jamna akajibu kwa Kiswahili, kwa makusudi, sauti ifike jikoni. "Kwani Kiswahili najisi, Pratap? Mdomo huu umekula mbaazi leo, na wako pia." Ilikuwa kweli. Bwana Pratap alikuwa ameshakula bakuli mbili, na alipoondoka alifungiwa maandazi ya kupeleka nyumbani. Ule ukurasa Bi Jamna aliutia chini ya mto wa bembea akaendelea kushona.

Wiki moja kabla ya siku hiyo Daktari Nalini alinipa makala yake nihakikishe majina ya watu na mitaa. Kichwa chake kilizungumzia mjane aliyefungwa na kimya chake. Niliisoma kwa kiburi, naungama, kwa sababu maneno yangu yalikuwa yamejaa mle, na chini ya ukurasa wa kwanza alikuwa amenishukuru kwa jina. Kwa kiburi hichohicho nikaichukua mpaka Wattaya nimsomee Bi Jamna, apate kusikia jinsi alivyokuwa mtu mashuhuri. Nikawa nairudisha kwa Kiswahili sentensi baada ya sentensi. Nilipofika pale kwamba mila za Kihindi zilimfungia mjane huyu ndani kwa miaka mitatu, shemeji yake akilinda mlango, sindano ikasimama.

"Nani kafungiwa?" akauliza.

"Wewe, Bi Jamna. Si ulisema mwenyewe?"

"Miye? Nifungiwe na shemeji yule, mwembamba kama uzi?" Akavua miwani. "Nlikwambia nimetawa. Kutawa na kufungiwa wapi na wapi? Hebu kaa chini, sikiza, na safari hii sikiza na masikio. Bwana alipokufa, wakati huo tukikaa Matrah, shemeji akaja na tikiti mkononi. Anataka kunipeleka Kachi, huko Bara Hindi, na watoto, nikakae chini ya mavyaa wangu, mamake bwana, mpaka nife. Kachi sikujui miye! Nimezaliwa Unguja, nimeolewa Maskati, huko nikafanye nini? Nikakumbuka kwetu, mwanamke akifiwa anakaa eda, haingii mwanamme, hata awe nani. Nikampelekea salamu jirani yangu, Bi Salma: jamani miye nimetawa. Bi Salma akafahamu papo hapo. Akatandika mkeka mlangoni, akakaa yeye na wenziwe, kila Ijumaa shemeji akija wanamwambia, yallah, rudi, mjane katawa. Akisimama pale na tikiti yake, jasho linamtoka."

"Lakini eda ni miezi mine na siku kumi," nikasema.

"Yenu. Yangu ikawa miaka mitatu. Nani atanambia imekwisha? Sheikh hawezi, miye si Muislamu. Pandit wa hekalu letu hawezi, hakuianzisha yeye." Hapo akacheka tena, kicheko kilekile kilichoandikwa uchungu. "Mila ile nliazima kwa majirani, kama mtu anavyoazima kinu. Na sijakirudisha mpaka leo."

Kisha akaacha kucheka. Akasema kwa sauti ya chini, "Mwanangu Zuwena, kwa nini hukuniuliza?" Sijawahi kuona haya kama siku ile, wala sijaona tena tangu hapo. Ningependa angenigombeza. Hila nzuri kuliko zote alizopata kuzifanya mwanamke huyu, ushindi wa maisha yake yote, mimi nilikuwa nimeugeuza kifungo kwa neno moja, na Jumamosi ingesomwa hivyo mbele ya mji mzima, naye angekaa mstari wa mbele watu wakimwonea huruma. Nikamwahidi nitalirekebisha. Yeye akavuta kofia aliyokuwa anaishona, akaigeuza ndani nje. "Miaka ile mitatu ndo nlojifunza hizi, Bi Salma alinfundisha, na watoto wakala. Leo wanaume wa mji huu wanasema Banyani mbaya, na huku wamezivaa. Banyani mbaya, kofia yake dawa!" Akanionyesha upande wa nyuma, karibu na mshono, kijitundu kimoja kilichozungushiwa uzi kama wenziwe lakini hakikutobolewa. "Huyu ndo mtawa wangu. Namtia katika kila kofia, mmoja tu. Usimwambie mtu mpaka n'fe, wasije wakavua kofia njiani kumtafuta."

Gari langu mwezi huo lilikuwa mtaa wa Ghala kwa fundi kwa mara ya tatu, kwa hiyo siku yenyewe Daktari Nalini alinipitia. Siku tano nzima nilikuwa nimemtafuta. Mara yuko na wageni, mara anapumzika, na kweli zaidi ni kwamba kila nilipomkosa nilishukuru. Nikamwambia humo garini, barabara inakimbia. Nimekosea neno. Kwenye taa za njia panda akasema kwamba neno moja halivunji makala. Nikamwambia neno hilo ndilo makala yenyewe. Akanieleza, kwa upole kama mwalimu, kwamba wanawake wengi waliofungwa husema walichagua wenyewe, na kwamba kazi ya mtaalamu ni kusikia kilicho chini ya maneno. Hapo ndipo nilipofahamu jambo ambalo baadaye nimelisoma katika vitabu vingi bila kuelezwa waziwazi hivyo. Bi Jamna akisema kafungwa, basi kafungwa. Akisema hakufungwa, basi kafungwa mpaka mwenyewe hajui. Mlango pekee aliopata kufungiwa ulikuwa huo. "Barua yako nimeshaiandika," akaongeza tulipokuwa tunaegesha. "Nitaitia sahihi wiki ijayo." Siamini kwamba alinitisha. Mimi nilisikia kama mtu mwenye njaa anavyosikia sufuria ikifunikwa.

Ukumbi ulikuwa baridi kama friji na umejaa: jumuiya ya Wahindi na sari zao, wakubwa wa ofisi za serikali na kanzu zao, mheshimiwa katikati ya mstari wa mbele na Bwana Pratap ubavuni mwake. Bi Jamna alikaa viti viwili pembeni, leso kajitanda mabegani kwa ajili ya baridi, na mimi nyuma yake ili nimnong'oneze. Mwenyekiti wa kikao alikuwa bwana mmoja wa wizara, mtu mzima, aliyekuwa akiendesha shughuli tangu asubuhi kwa Kiarabu cha vitabuni na Kiingereza kilichonyooka. Daktari Nalini akasoma, na alisoma vizuri. Alipofika kwa shemeji mlangoni ukumbi mzima ulishusha pumzi, na mwanamke mmoja karibu yangu akajifuta macho. Bi Jamna akageuka akanitazama. Maswali yalipoanza nilinyoosha mkono, nikapuuzwa, nikanyoosha tena, mwisho nikasimama bila kuitwa. "Mimi ndiye mfasiri," nikasema kwa Kiingereza, na niliisikia sauti yangu ikitoka mbali. "Nimekosea. Bibi huyu hakufungiwa." Daktari Nalini akafumba macho. Mwenyekiti akaangalia saa, akasema kwa Kiarabu chake kizuri kwamba wakati umekwisha, tunamshukuru dada yetu, tuendelee.

Ndipo Bi Jamna alipoinuka. Alikuwa mfupi, hata akisimama walio nyuma hawakumwona, lakini walimsikia. "Baba, mwache mtoto aseme."

"Haya bibi, naaseme," akajibu mwenyekiti.

Ilimtoka. Mdomo ulikuwa umemponza, kamjibu mama mtu mzima kama alivyofundishwa nyumbani kwao, kwa Kiswahili cha Unguja safi, kwenye kipaza sauti. Kicheko kikaanza upande wa kanzu, kikapita safu kwa safu, na mwenyekiti mwenyewe akacheka huku akijifuta uso kwa leso. Nusu ya ukumbi ule walikuwa watu wetu! Walikaa asubuhi nzima na Kiswahili mifukoni kama mimi, kila mmoja akidhani yuko peke yake. "Sema bibi!" mtu akapaza sauti kutoka nyuma. "Tunakusikia!" Na Bi Jamna akasema. Akamtoa shemeji na tikiti yake, akamweka Bi Salma na mkeka wake, akaeleza habari ya kinu cha kuazima, na kila alipotua nilifasiri kwa Kiingereza na kwa Kiarabu, bila kukata hata Malindi. Nilipofika kwenye neno kutawa sikulifasiri. Nililisema lilivyo, kisha nikaeleza linachofanya, na likasimama lenyewe. Mheshimiwa alikuwa anamwinamia Bwana Pratap kumwuliza bibi anasema nini, Bwana Pratap anamwinamia Hansa, na Daktari Nalini kule jukwaani ananiangalia mimi. Wale waliokuja kumsemea Bi Jamna ndio pekee waliokuwa wanasubiri kuambiwa kasema nini. Aliposema, "Shemeji alirudi Kachi na tikiti moja, yake," wanawake wa pande zote mbili walipiga vigelegele mpaka wahudumu wa hoteli wakaja mlangoni kutazama kuna arusi gani.

Ukurasa wa Bwana Pratap haukusomwa. Bi Jamna aliutoa katika mkoba, akamrudishia kwa mikono miwili kwa heshima, akamwambia hawezi kuusoma kwa kuwa miwani kaiacha kwenye bembea, na miwani iko puani. Mheshimiwa alimvisha shada, akatoa hotuba papo hapo kwamba India ndiyo hii, inayoazima na kuazimwa, akapigiwa makofi mengi sana. Mwanasiasa hajui kushindwa. Anajua tu makofi yako upande gani. Lakini sikuona ubaya, alisema kweli hata kama aliikuta njiani. Daktari Nalini alinipita kwenye ukumbi wa nje bila neno, na nikarudi nyumbani kwa gari la Hansa nikiwa nimeizika barua yangu moyoni. Nililia usiku huo, halafu nikalala vizuri kuliko nilivyolala mwezi mzima.

Zikapita wiki mbili. Siku moja Daktari Nalini akanipigia simu na kuniambia nije na kamusi zangu zote, na nilipofika nikakuta kanda zimetapakaa sakafuni, kinasa sauti kinazunguka, na Bi Jamna anacheka kutoka ndani yake. Alikuwa amezisikiliza upya zote. "Kicheko hiki," akaniuliza, macho yamemvimba kwa kutolala, "ni kicheko cha nini?" Nikamwambia, cha mtu aliyeshinda. Akasema, "Naam. Nilikuwa nakisikia tangu mwanzo, nikakiandika jina jingine kwa sababu nilishajua nimekuja kutafuta nini." Kisha akaniomba nimtajie lile neno herufi kwa herufi. Kitabu kilipotoka, sura ya Bi Jamna ilikuwa na neno moja tu kichwani, la Kiswahili, na barua niliyodhani imekufa ilikuwa imetumwa na nyongeza ya sentensi moja: kwamba mwombaji huyu hukubali kukosea mbele za watu, na kwamba yeye mwandishi hajui sifa iliyo kubwa kuliko hiyo katika kazi yetu. Barua hiyo ndiyo iliyonisomesha. Kila nilichokuwa baadaye, darasa nililofundisha na vitabu nilivyofasiri, kilianzia pale niliposimama bila kuitwa.

Basi juzi nikasimama tena. Ukumbi ulijaa, picha yake mbele imevishwa shada kama ya mumewe, wanawake upande mmoja, na upande wa pili wanaume, wa kwao na wa kwetu, majirani wa Wattaya na wazee wa Matrah waliobaki. Kijana wa kamati alikuwa ameshazungumza kwa ufasaha juu ya mila zisizoyumba, na aliponipa kipaza sauti alinitazama kwa wasiwasi, maskini. Nilimwekea mkono begani. Kisha nikasema, kwa Kiswahili, kwamba mimi ndiye niliyewahi kumfunga marehemu kwa neno moja, na nikakisimulia kisa chote kama mnavyokijua sasa. Nikawaambia pia kwamba kuna siri niliyokabidhiwa, nayo muda wake umefika. Nikawaeleza juu ya kijitundu kimoja nyuma, karibu na mshono, kilichozungushiwa uzi kisitobolewe. Halafu mzee mmoja safu ya tatu akavua kofia yake, akaigeuza, akaisogeza karibu na macho, na jirani yake akavua yake, na wa nyuma yao, na safu nzima, wazee vichwa wazi katikati ya kilio cha watu wanapekua kofia zao kama wanaotafuta sindano. Hansa alikuwa ameushika mdomo wake kwa mikono miwili. "Huyu hapa!" yule mzee akapiga ukelele, kofia kaiinua juu watu wote waone. "Wallahi, mtawa huyu hapa!"